Kupima maarifa ya safu za milima: jibu kwa mwalimu wa Morogoro

Swali: Mimi ni mwalimu wa jiografia wa kidato cha tatu mjini Morogoro. Kila muhula huwapa wanafunzi wangu chemshabongo ya safu za milima za dunia. Wanazitaja Himalaya, Andes, Rocky na Alpi pamoja na urefu wa vilele vyake bila kukosea. Wiki iliyopita, hata hivyo, nilipowauliza milima tunayoiona dirishani ni sehemu ya safu gani, inaanzia wapi, inaishia wapi na ilitokeaje, darasa zima lilinyamaza. Isitoshe, vitabu vinapishana: kimoja kinasema Kilimanjaro ina meta 5,895, kingine 5,892. Nitungeje jaribio linalopima maarifa badala ya kukariri, na nisahihishe kwa kipimo gani?

Jibu: Mwalimu, kunyamaza kwa darasa lako si dalili ya uzito wa vichwa. Wanafunzi hao wamezoea kujibu swali la aina moja, na ulipowabadilishia swali hawakuwa na pa kushika. Jina la mlima na tarakimu ya urefu wake vinaweza kukaa kichwani mwa mtu miaka mingi bila mtu huyo kujua lolote kuhusu mlima wenyewe. Ndiyo maana mimi, kila ninapotunga jaribio la milima, hujiuliza kwanza kama mwanafunzi aliyekariri orodha usiku wa kuamkia mtihani ataweza kulijibu swali langu. Akiweza, nalifuta. Swali linalobaki ni lile linalomtaka aonyeshe safu iko wapi, iliinuliwa na nguvu gani, na inafanya nini kwa mvua, mito na watu waishio chini yake. Na mwanafunzi anayeyajua hayo apate alama zake hata kama tarakimu zimemtoka.

Nianze na tarakimu, kwa kuwa ndizo zilizokusumbua. Meta 5,895 ndizo zilizomo katika vitabu vingi na kwenye kibao kilichoko kilele cha Uhuru, nazo zinatokana na upimaji wa zamani. Meta 5,892 zilipatikana kwa vipimo vya setilaiti vya mwaka 1999 na 2008. Mlima haukupungua meta tatu. Kilichobadilika ni namna ya kupima, pamoja na namna ya kukadiria usawa wa bahari chini ya mlima ulio mbali na pwani. Everest nao una historia kama hiyo: mwaka 2005 wapimaji wa China walitangaza meta 8,844.43 kwa kuhesabu mwamba peke yake bila theluji iliyoufunika, na Desemba 2020 China na Nepali zikatangaza kwa pamoja meta 8,848.86, theluji ikiwemo. Kwa hiyo usimnyime alama mwanafunzi aliyeandika 5,892, wala usimnyime aliyeandika 5,895. Ukitaka swali zuri kutokana na jambo hili, mpe takwimu zote mbili, kisha mtake aeleze inawezekanaje wapimaji wawili makini, waliopima mlima mmoja, wakaleta majibu mawili.

Nalisema hili kwa uchungu kidogo. Miaka mingi iliyopita, katika shule niliyokuwa nikifundisha, niliuliza kwenye jaribio: “Mlima mrefu kuliko yote duniani ni upi?” Msichana mmoja aliandika Mauna Kea, nami nikamtia alama ya mkasi bila kufikiri. Siku ya pili alinifuata mezani akiwa na atlasi, akaifungua kwenye ukurasa wa bahari ya Pasifiki, akaniwekea kidole kwenye visiwa vya Hawaii. Alikuwa na haki. Mauna Kea huchomoza meta 4,207 tu juu ya bahari, lakini mlima wenyewe umesimama juu ya sakafu ya bahari, na kutoka kitako hadi kilele unapita meta 10,000. Kosa lilikuwa katika swali langu, ambalo halikusema urefu unapimwa kutoka wapi. Tangu siku hiyo sijatunga swali la urefu bila kuandika maneno “kutoka usawa wa bahari”. Mtu akipima kutoka kitovu cha dunia, jibu linakuwa jingine tena, Chimborazo ya Ecuador, ambayo ina meta 6,263 tu kutoka usawa wa bahari, ila kwa sababu dunia imevimba kwenye ikweta kilele chake kiko mbali na kitovu kuliko kilele cha Everest kwa takriban kilomita mbili. Mtego wa namna hiyo umo pia katika swali la mlima mrefu wa Ulaya. Anayeuweka mpaka wa Ulaya kwenye mgongo wa safu ya Kaukasi atakuambia ni Elbrus, meta 5,642. Anayeuweka mpaka huo kaskazini zaidi, Kaukasi yote ikawa Asia, atakuambia Mont Blanc, ulio chini yake kwa zaidi ya meta 800. Taja mpaka ndani ya swali, au liache swali hilo kabisa.

Jambo la pili ni kwamba wanafunzi wengi hawatofautishi mlima na safu. Ukiwauliza safu kubwa za Afrika, wa kwanza kutajwa ni Kilimanjaro, ilhali Kilimanjaro ni mlima wa volkeno uliosimama peke yake. Kibo, Mawenzi na Shira ni sehemu zake tatu, wala hazifanyi safu. Safu ni milima iliyofuatana na yenye asili moja, kama ndugu wa tumbo moja waliojipanga mstari. Swali ninalolipenda hapa huhusu vilele 14 vya dunia vinavyozidi meta 8,000. Wengi huamini vyote viko Himalaya. Vilivyoko Himalaya ni kumi; vinne vilivyobaki, kikiwemo K2 chenye meta 8,611, viko katika safu ya Karakoram, kaskazini mwa mto Indus. Mwanafunzi aliyekariri “Everest wa kwanza, K2 wa pili, zote Himalaya” atakwama, na aliyeitazama ramani kwa makini atajua kwamba Himalaya ina mipaka inayoonekana kwa macho. Upande wa magharibi huishia Nanga Parbat, pale Indus unapopinda kuizunguka, na upande wa mashariki huishia Namcha Barwa, pale Yarlung Tsangpo, ambao mbele huitwa Brahmaputra, unapopinda kuingia India. Kati ya mipindo hiyo miwili ya mito kuna takriban kilomita 2,400.

Ndiyo maana sehemu ya kwanza ya jaribio langu huwa ni ramani tupu na penseli. Simpi mwanafunzi nukta za kuandika majina. Namwambia achore mstari wa safu tangu inapoanzia hadi inapoishia. Katika zoezi hilo maarifa hayana pa kujificha. Nimeona mwanafunzi aliyetaja Aconcagua na meta zake 6,961 bila kosa, halafu akaichora Andes kama punje ya mtama katikati ya Brazili. Safu hiyo hushuka kutoka Venezuela kupitia Kolombia, Ecuador, Peru, Bolivia, Chile na Ajentina hadi ncha ya kusini ya bara, takriban kilomita 7,000, yaani zaidi ya mara tano ya njia ya reli kutoka Dar es Salaam hadi Kigoma. Waambie wapime kwa uzi juu ya ramani, kisha walinganishe na kipimio cha ramani. Mtoto aliyepima kwa uzi hasahau. Na ukiwauliza safu ndefu kuliko zote, ongeza neno “nchi kavu”, kwa maana ile iliyo ndefu kweli iko chini ya bahari, imezunguka dunia kwa takriban kilomita 65,000, na mahali pachache, kama Iceland, ndipo inapochungulia juu ya maji.

Sehemu ya pili ni asili ya milima, na hapa ningekuomba ufundishe kwanza kwa mikono ndipo upime kwa karatasi. Tandaza kanga mezani, weka kiganja kila upande, kisha sukuma polepole kuelekea katikati. Kitambaa kitajikunja, mikunjo itapanda, na mikunjo ya kati itapanda kuliko ya kando. Hivyo ndivyo ilivyoinuka Himalaya, tangu bamba la India, yaani kipande kikubwa cha ganda la dunia kinachosogea polepole, lilipogongana na bamba la Asia yapata miaka milioni 50 iliyopita. Na kwa kuwa bamba la India bado linasukuma, safu hiyo bado inapanda. Mawe ya chokaa yaliyoko kileleni mwa Everest yana mabaki ya viumbe wa baharini, kwa sababu yalikuwa sakafu ya bahari kabla ya mgongano huo. Wasomaji wenzetu walioko Omani hawahitaji kufika Nepali kuona jambo hilo: milima ya Hajar, ambayo kilele chake cha Jebel Shams hukaribia meta 3,000, ina miamba ya sakafu ya bahari iliyosukumwa juu ya nchi kavu. Baada ya kanga, chukua vitabu vitatu vinene, vibane vikiwa vimesimama, kisha kiinue cha kati peke yake. Huo ndio mfano wa bonge la mwamba lililoinuliwa kati ya nyufa. Volkeno haihitaji mfano, kwani watu wa Goma wameishuhudia Nyiragongo ikimwaga lava mwaka 2002 na tena 2021.

Baada ya hapo ndipo uulize. Waandikie Kilimanjaro, Mlima Kenya, Rwenzori, Virunga, Usambara na Uluguru, wazipange kwa asili yake. Wengi watakosea Rwenzori. Kwa kuwa ina vilele vyenye barafu karibu na ikweta na ni ya tatu kwa urefu Afrika baada ya Kilimanjaro na Mlima Kenya, nao wawili hao ni wa volkeno, mwanafunzi hudhani Rwenzori nayo ni volkeno. Sivyo. Ni bonge la miamba mikongwe lililoinuliwa kando ya tawi la magharibi la Bonde la Ufa, mpakani mwa Uganda na Kongo, hadi meta 5,109. Jirani zake wa kusini, Virunga, ndio wa volkeno. Safu mbili zilizokaribiana kiasi hicho, zenye asili mbili tofauti, ni nyenzo nzuri ya kupima kama mtu anafikiri au anakisia.

Umri nao usiuache. Milima ya Appalachia ya mashariki ya Marekani haivuki meta 2,037 katika kilele chake cha Mount Mitchell, nayo ilijengwa na migongano ya mabamba kama Himalaya. Tofauti ni kwamba mgongano wao mkubwa wa mwisho ulitokea yapata miaka milioni 300 iliyopita, na tangu hapo mvua, barafu na mito vimekuwa vikiitafuna. Wakati huo bahari ya Atlantiki haikuwapo. Mabara yalikuwa yameshikana, na milima ya Appalachia iliungana na sehemu ya milima ya Moroko na ile ya Scotland. Mwanafunzi akipewa vilele viwili, kimoja cha meta 2,037 na kingine cha meta 8,848, akaulizwa ni kipi katika safu changa, na akaeleza sababu, amekuonyesha kitu ambacho orodha haiwezi kumfundisha.

Sehemu ya tatu, ambayo kwangu ndiyo yenye uzito mkubwa, ni kazi ya milima juu ya mvua. Swali langu la kudumu hutoka Andes. Katika Peru, pwani ya Pasifiki iliyo magharibi ya milima ni jangwa, na upande wa mashariki ni msitu wa Amazoni. Ukishuka kusini hadi Patagonia mambo hugeuka: magharibi, upande wa Chile, kuna mvua nyingi na misitu, na mashariki, upande wa Ajentina, kuna nyika kavu. Safu ni ile ile, basi kwa nini pande zimebadilishana? Jibu ni upepo. Karibu na ikweta upepo wenye unyevu hutoka mashariki, kwenye Atlantiki, ukapanda milima, ukapoa, ukamwaga mvua upande huo na kuvuka ukiwa mkavu. Na mkondo wa maji baridi unaopita pwani ya Peru huzidisha ukame. Kusini upepo hutoka magharibi, ndiyo maana Chile hulowa na Ajentina hukauka. Mwanafunzi anayelijibu swali hili ameelewa milima yote ya dunia kwa mkupuo, kwa sababu ataweza kulitumia wazo hilo hilo kueleza kwa nini kusini mwa Himalaya kuna mvua kubwa za monsuni, zinazoletwa na pepo za msimu kutoka baharini, na nyuma yake, Tibet, kuna uwanda mkavu.

Na ataweza kulitumia kwa milima iliyoko dirishani kwenu. Hapo narudi kwenye swali lililowanyamazisha. Uluguru ni kiungo kimoja cha Tao la Mashariki, safu inayoanzia vilima vya Taita nchini Kenya, ikapita Pare, Usambara, Nguru, Ukaguru, Uluguru na Rubeho hadi Udzungwa na Mahenge. Miamba yake ni mikongwe mno, iliyopikwa kwa joto na mgandamizo ndani ya ardhi kabla ya kuinuliwa kwa nyufa. Haina ujamaa na lava ya Kilimanjaro, ingawa Pare na Kilimanjaro huonekana pamoja kutoka barabarani. Milima ya Tao haikuungana kama ukuta. Kila mmoja ni kisiwa cha msitu kilichozungukwa na nyanda kavu, na kwa kutengana huko kwa muda mrefu sana viumbe wake wamekuwa wa peke yake: ua dogo la zambarau lililochukuliwa kutoka Usambara na kupelekwa Ujerumani mwaka 1892 sasa limo madirishani mwa nyumba nyingi za Ulaya, na Wajerumani hadi leo huliita kwa jina la Usambara. Pepo zitokazo Bahari ya Hindi hugonga Uluguru kwa upande wa mashariki, ndiyo sababu miteremko ya Matombo na Kinole ina unyevu kuliko ile ya magharibi. Mito inayotoka huko hulisha Ruvu, na Ruvu ndio unaowanywesha watu wa Dar es Salaam. Mtoto wa Morogoro anayejua kilele cha Rocky na hajui kwamba mji mkubwa kuliko yote nchini hunywa maji ya milima ya kwao, ametendewa isivyo haki na sisi tuliomtungia maswali.

Kuna swali moja zaidi ambalo ningependa uliingize, hata kama ni kwa mjadala wa mdomo. Mwaka 1798 mchoraji ramani James Rennell wa Uingereza alichora safu ndefu iliyokatiza Afrika Magharibi, ikaitwa Milima ya Kong. Wachoraji waliofuata waliinakili mmoja kwa mwingine, na kwa karibu karne nzima safu hiyo ilikuwa ndani ya atlasi na wanafunzi wa Ulaya wakaikariri. Louis-Gustave Binger, Mfaransa aliyepita nchi hizo kati ya 1887 na 1889, hakuikuta. Haikuwapo kamwe. Katika karne hiyo hiyo, mwaka 1848, mmisionari Johannes Rebmann aliiona Kilimanjaro, na alipomuuliza kiongozi wake ile nyeupe iliyoko juu ni nini, alijibiwa kwa neno moja: baridi. Habari hizo zilipofika London, mwanajiografia William Desborough Cooley alizikataa, akishikilia kwamba theluji haiwezi kuwapo karibu na ikweta. Safu isiyokuwapo ilisadikiwa kwa sababu ilikuwa kwenye karatasi, na mlima ambao Wachaga waliuona kila asubuhi ukatiliwa shaka. Waulize wanafunzi wako: kama wewe ungekuwa Cooley, ungefanya hesabu gani kabla ya kukataa? Jibu liko ndani ya uwezo wao. Joto hupungua kwa takriban nyuzi 6.5 za selsiasi kila unapopanda meta 1,000. Kutoka Moshi hadi Uhuru kuna kupanda kwa takriban meta 5,000. Basi siku ambayo Moshi kuna nyuzi 26, kileleni ni chini ya sifuri. Hesabu hiyo mwanafunzi wa kidato cha tatu huimaliza kwa dakika mbili.

Kuhusu usahihishaji, kwa kipindi kimoja usizidishe maswali sita, na kila swali ligawie alama kwa vipande. Katika ramani, toa alama kwa mstari ulioanzia na kuishia karibu na mahali pake, na nyingine kwa mwelekeo sahihi. Usidai usahihi wa milimeta. Katika maswali ya asili na ya mvua, sababu ipewe alama nyingi kuliko jina, tuseme tatu kwa moja. Tarakimu za urefu ziandike wewe mwenyewe ndani ya karatasi ya maswali, ili asiwepo wa kuzikariri. Na swali la kwanza kabisa liwe hili: “Tazama dirishani. Taja safu ambamo milima hii imo, chora safu hiyo kwenye ramani ya Tanzania na Kenya, kisha eleza kwa nini upande mmoja wa milima hii hupata mvua kuliko mwingine.” Aliyeandika “Uluguru, Tao la Mashariki” akaishia hapo, mpe alama moja kati ya sita. Aliyesahau jina la Tao lakini akachora mstari kutoka Taita hadi Udzungwa, akaonyesha kwa mishale upepo unaotoka baharini na mahali unapomwaga maji yake, huyo mpe tano.